Mlafi aliyelala njaa miaka kumi na mitano

Waama, wahenga hawakukosea waliponena kuwa mali bila daftari hupotea bila habari. Methali hii nimeifundisha darasani mara nyingi, nikiifafanua kwa mifano ya duka, mkopo na mifugo. Sikupata kudhani kuwa siku moja ingenirudia mwenyewe, tena kwa sababu ya mnyama asiye na damu, mfupa wala manyoya, ambaye nilimtelekeza kwa muda wa miaka kumi na mitano bila kumpa hata tonge moja.

Msomaji mpenzi atakumbuka kwamba shule zetu zote zilifungwa mwezi wa Machi 2020 kutokana na janga la Korona. Walimu tulibaki nyumbani kama mashua zilizoachwa na maji kupwa. Usiku mmoja wa Aprili, nilikuwa nikitafuta mtandaoni mazoezi ya sarufi ya kuwatumia wanafunzi wangu kwa simu, na mazoezi yenyewe hayakuonekana. Katika kule kuhangaika, jina la zamani likanichomoza akilini bila kuitwa: Neopets. Nikaliandika, nikabonyeza, na mara mbele yangu ikafunguka tovuti ambayo mara ya mwisho nilikuwa nimeiona nikiwa mwanafunzi wa darasa la nane mjini Nakuru, mwaka 2004.

Yamkini wasomaji wengine hawaijui tovuti hiyo, kwa hiyo si vibaya kueleza kidogo. Neopets ilianzishwa na vijana wawili wa Uingereza, Adam Powell na Donna Williams, ikafunguliwa rasmi tarehe 15 Novemba 1999. Mtoto aliyejiunga alichagua mnyama wa kubuni, akampa jina, kisha akawa na wajibu wa kumlisha, kumchezesha na kumtunza. Chakula hakikutoka mbinguni. Kilinunuliwa kwa fedha za humo humo, nazo zilipatikana kwa kucheza michezo ya kuchemsha bongo au kwa kufanya biashara. Mlikuwa na benki iliyotoa riba kila siku, soko la hisa ambalo mtu hakuruhusiwa kununua zaidi ya hisa 1,000 kwa siku, na maduka yaliyoendeshwa na watoto wenyewe. Mlikuwa hata na gazeti ambalo hadithi na makala zake ziliandikwa na wachezaji.

Wanyama wa namna hii hawakuwa jambo geni kabisa. Mnamo Novemba 1996 kampuni ya Bandai ya Japani ilikuwa imetoa Tamagotchi, kidude kidogo chenye umbo la yai ambacho mtoto alikining'iniza kwenye ufunguo au mkoba. Ndani yake mlikuwa na kiumbe kilicholia njaa mchana na usiku, na kilichokufa kisipohudumiwa. Walimu wa nchi nyingi walipata taabu kubwa kwa vilio hivyo darasani, na zipo shule zilizokipiga marufuku. Lakini wanyama wa Neopets walikuwa na tabia tofauti, na tofauti hiyo ndiyo kiini cha kisa changu: hawakufa. Mnyama aliyeachwa bila chakula alishuka daraja baada ya daraja, kutoka kushiba hadi kuwa na njaa, kutoka njaa hadi njaa kali, mpaka akafika daraja la mwisho ambapo iliandikwa kuwa anakufa. Hapo alisimama. Aliweza kukaa katika hali hiyo ya kufa asife, hata kwa miaka mingi, akimngoja mwenyewe.

Sasa nirudi Nakuru. Mwaka 2003 nilikuwa darasa la saba, mtoto wa miaka kumi na miwili. Tarakilishi nyumbani hatukuwa nayo, na shuleni ilikuwapo moja tu, imefunikwa kitambaa cheupe katika afisi ya mwalimu mkuu mithili ya maiti. Tegemeo letu mimi na binamu yangu lilikuwa saiba moja mjini, chumba kimoja juu ya duka la viatu, chenye tarakilishi sita na feni isiyozunguka. Bei ilikuwa shilingi mbili kwa dakika. Tulichanga vijisenti vyetu mpaka vikatimia shilingi ishirini, tukanunua dakika kumi za Jumamosi. Ukurasa mmoja uliweza kuchukua dakika mbili kufunguka, hivyo tulijifunza kupanga mapema kila tutakalofanya. Yeye alishika kipanya, mimi nikashika kibodi, na mwenye saiba akashika saa.

Siku ya kujiandikisha tulikumbana na kizuizi. Sheria ya Marekani ya kuwalinda watoto mtandaoni, iliyopitishwa mwaka 1998 na kuanza kutekelezwa Aprili 2000, ilidai idhini ya mzazi kwa kila mtoto aliye chini ya miaka kumi na mitatu. Idhini yenyewe ilitakiwa iandikwe, itiwe sahihi, na itumwe kwa posta au kwa faksi. Mimi sikuwa na faksi, wala sikuwa na mzazi ambaye angeacha kibanda chake sokoni ili akatume faksi kwa ajili ya simbamarara wa samawati. Nikafanya walivyofanya watoto wengi duniani: nikasema uongo. Nikazaliwa upya, miaka mitatu kabla ya siku yangu ya haki.

Mnyama wangu alikuwa wa aina ya Kougra, anayefanana na simbamarara. Majina ya Kiingereza tuliyoyajaribu yote yalikuwa yamekwisha kuchukuliwa na watoto wa Ulaya na Marekani, kwani hakuna wanyama wawili walioruhusiwa kuwa na jina moja. Binamu yangu ndiye aliyenishauri nijaribu Kiswahili. Nikaandika Mlafi, likakubaliwa papo hapo. Nakumbuka fahari niliyoihisi. Katika dunia ile yote, lugha yetu ilikuwa bado shamba lisilolimwa, na sisi wawili tulikuwa tumefika wa kwanza na jembe.

Mwezi wa Januari 2005 nikaenda shule ya upili ya bweni. Binamu yangu akaenda nyingine. Saiba ile ikafungwa, pakafunguliwa duka la simu. Mlafi akasahauliwa.

Hivyo basi, usiku ule wa Aprili 2020 nilikaa mbele ya tovuti ile nikiwa na umri wa miaka ishirini na tisa, nikijaribu kuingia. Jina la mtumiaji nililikumbuka. Nenosiri sikulikumbuka kwa akili, lakini vidole vyangu vilipogusa kibodi vilikwenda vyenyewe. Kisha nikaulizwa swali ambalo mtu mzima hafikirii kuwa linaweza kumshinda: ulizaliwa lini? Nikaweka tarehe yangu, ikakataliwa. Hapo ndipo uongo wa mwaka 2003 uliponikamata. Nilikuwa nimejipa siku ya kuzaliwa ambayo si yangu, na sikuwa nimeiandika popote.

Nikampigia simu binamu yangu, ambaye sasa anafanya kazi Eldoret. Ilikuwa karibu saa tano za usiku, na tulikuwa hatujaongea kwa zaidi ya mwaka.

"Ndugu yangu," nikamwambia, "usinicheke. Ule mwaka wa saiba, nilijiandikisha nikiwa nimezaliwa lini?"

Alinicheka kwanza. Kisha akanyamaza, nami nikasikia anavyofikiri. "Si ulichukua siku ya Dada?" akasema. "Ulisema ukijitungia uongo mtupu utausahau, afadhali uazime ukweli wa mtu."

Nikaandika tarehe ya kuzaliwa ya dada yake mkubwa. Mlango ukafunguka.

Mlafi alikuwapo. Alikuwa ameketi pale pale, wa samawati vile vile, ila uso wake umekunjamana, na kando yake imeandikwa kwamba anakufa kwa njaa. Sitaki kumtia msomaji chumvi jichoni kwa kusema kuwa nililia. Nilikaa kimya tu, kama mtu aliyerudi kijijini akakuta mbwa wa nyumbani bado amelala kizingitini. Humo mtandaoni kuna jiko la supu ambapo kiumbe mmoja mwenye huruma huwalisha bure wanyama wa maskini, almuradi mwenye mnyama asiwe na fedha nyingi. Nami nilikuwa fukara wa kutosha. Nikampeleka, akapewa supu, akapanda daraja moja. Nikampeleka tena, na tena.

Baada ya kumlisha ndipo nikaufungua ukurasa wake, mahali ambapo kila mchezaji aliruhusiwa kuandika maelezo ya mnyama wake. Kazi hiyo ya kuunda kurasa ndiyo iliyowafanya watoto wengi wa rika letu kujifunza alama za HTML, lugha ya kuundia kurasa za wavuti, na wapo waliojipatia riziki baadaye kutokana na ujuzi ulioanzia hapo. Wangu ulikuwa na maandishi mekundu juu ya rangi ya manjano, yasiyosomeka bila kukunja macho. Yalikuwa sentensi tatu za Kiswahili cha mtoto:

"Mlafi alizaliwa Nakuru. Anapenda samaki na chapati na kulala. Hapigwi na mtu yeyote."

Niliisoma ile sentensi ya tatu mara kadha wa kadha. Serikali yetu ilikuwa imeharamisha kiboko shuleni mwaka 2001. Hata hivyo, walimu na wanafunzi wa miaka ile wanajua kuwa kuna sheria ya kwenye karatasi na kuna sheria ya kwenye mwembe nyuma ya darasa. Sitaitaja shule yangu, wala mwalimu aliyehusika, kwani si kusudi langu kumshtaki mtu. Ninalosema ni kwamba mwaka ule sikumwambia mzazi, sikumwambia kasisi, wala sikumwambia hata binamu yangu aliyekuwa akikaa begani pangu kila Jumamosi. Nilimwambia simbamarara wa samawati. Nilimzulia maisha, na katika maisha hayo nikamwondolea lile moja lililokuwa likinisumbua.

Nami tangu nianze kufundisha, nimesahihisha maelfu ya insha. Ni sentensi ngapi za tatu zilizopita chini ya kalamu yangu nyekundu, nikazitia alama ya upatanisho wa kisarufi na kuendelea?

Yafaa tujiulize imekuwaje maneno yale yakasalimika. Madaftari yangu ya shule ya msingi, pamoja na insha zote nilizoziandika, hayapo tena. Mama aliyauza kwa mwenye kibanda cha mandazi mwaka niliokwenda bweni, naye akayafungia mandazi yake mpaka yakaisha. Simlaumu mama, karatasi ilikuwa na bei, na insha haikuwa nayo. Kilichobaki ni kile nilichokiandika katika nyumba ya watu nisiowajua, katika nchi nisiyopata kuikanyaga.

Lakini asije mtu akadhani kuwa nasifu mtandao kama ghala lisilovuja. La hasha! Itazame historia ya nyumba yenyewe. Mwaka 2005 kampuni ya Viacom ya Marekani iliinunua Neopets kwa dola milioni 160. Fedha zile hazikutolewa kwa mapenzi ya wanyama. Tovuti ilikuwa na mamilioni ya watoto, na matangazo ya biashara yalikuwa yamefumwa ndani ya michezo yenyewe, hata mtoto asiweze kutenga mchezo na tangazo, jambo ambalo lilizusha lawama nyingi. Mwaka 2014 ikauzwa kwa kampuni ya JumpStart, nayo JumpStart ikanunuliwa mwaka 2017 na NetDragon ya China. Mwishoni mwa mwaka 2020 Adobe iliacha kuhudumia programu ya Flash ambayo michezo mingi ya tovuti hiyo iliitegemea, na michezo hiyo ikanyamaza. Mnamo Julai 2022 wadukuzi waliiba taarifa za akaunti takribani milioni 69. Mwaka uliofuata JumpStart yenyewe ikafungwa, na Julai 2023 ikatangazwa kuwa Neopets imepata usimamizi wa kujitegemea. Katika safari yote hiyo ya kuuzwa na kununuliwa, hakuna aliyemuuliza Mlafi, wala aliyeniuliza mimi. Kusalimika kwake kulikuwa bahati.

Wenzangu wengine hawakuwa na bahati hiyo. Club Penguin, dunia nyingine ya watoto iliyoanzishwa mwaka 2005 na kununuliwa na Disney mwaka 2007, ilifungwa Machi 2017. Kurasa za GeoCities, ambazo watu wa kawaida walizijenga kwa mikono yao, zilifungwa na Yahoo mwezi wa Oktoba 2009. Sehemu kubwa iliokolewa na watu wa kujitolea waliokesha wakinakili. MySpace nayo ilikiri mwaka 2019 kwamba imepoteza nyimbo zilizowekwa humo kwa zaidi ya miaka kumi, eti wakati wa kuhamisha seva. Nguo ya kuazima haisitiri maungo, na nyumba ya kuazima haihifadhi urithi.

Hapa ndipo ninapotaka kuwageukia walimu wenzangu. Katika mtaala wa umilisi ambao shule zetu zinaufuata, tunatakiwa kukusanya kazi za wanafunzi na kuzihifadhi kama ushahidi wa maendeleo yao. Tunapiga picha, tunapakia, tunajaza fomu. Hapana shaka kwamba jambo hilo ni jema. Hata hivyo, tukiwa wakweli, wengi wetu hukusanya ili tukaguliwe, na ukaguzi ukipita hatujui faili lilikwenda wapi. Simu ya mwalimu ikiibwa, kazi za darasa zima zimeibwa. Nenosiri likisahauliwa, mwaka mzima umesahauliwa. Tumedhani kuwa kutunza ni kazi ya chombo, awe chombo hicho ni karatasi au tarakilishi. Karatasi yangu iliishia kwenye mandazi. Maandishi yangu ya mtandaoni yaliponea chupuchupu, na hata kuyafikia kulihitaji binamu mwenye kumbukumbu. Kutunza ni kazi ya mtu.

Nanyi wanafunzi, msidhani kuwa wosia huu hauwahusu. Mnaandika leo kuliko kizazi chochote kilichowatangulia: vichekesho, mashairi, malalamiko, mapenzi. Mnaviweka katika nyumba za watu, na nyumba hizo zina wenyewe, na wenyewe wana madeni na wanunuzi. Sisemi msiandike humo. Nasema nakilini. Lile mnaloliona la maana, liandikeni pia katika daftari lenu, na mkaliweke daftari hilo mahali ambapo mwenye mandazi hafiki. Wala msiazime tarehe ya kuzaliwa ya mtu kama mimi. Na mkiiazima, basi iandikeni.

Shule zilipofunguliwa tena Januari 2021, nilinunua sanduku la bati, la aina ile ile niliyoingia nayo bweni. Nililiweka katika kona ya chumba cha walimu na kulitia kufuli. Kila muhula, kila mwanafunzi wangu huchagua insha moja aipendayo mwenyewe, si ile iliyopata alama nyingi, naye huiweka humo. Juu yake huandika jina na tarehe. Anapomaliza kidato cha nne hurudishiwa bahasha yake. Wako waliozipokea kwa kicheko, na yuko mmoja aliyeisoma yake akiwa amesimama pale pale mlangoni, akaikunja taratibu, akaitia mfukoni upande wa moyo, asiseme neno. Sikumuuliza. Kabla ya kuziweka, siku hizi mimi huzisoma zote mara ya pili bila kalamu mkononi, nikitafuta sentensi ya tatu. Mara mbili nimeipata, na mara zote mbili nilimwita mwandishi wake faraghani, si kwa ajili ya sarufi.

Cha kwanza kabisa kuingia katika sanduku hilo kilikuwa changu: sentensi tatu nilizozinakili kwa mkono kutoka kwenye ukurasa wa Mlafi. Yeye mwenyewe bado yuko, nami humpelekea supu nikumbukapo, ingawa si kila siku. Wahenga walituambia kuwa akiba haiozi. Kwa heshima zote, nawaongezea kidogo: haiozi, maadamu yupo wa kuigeuza na kuianika.